Mzee Sixbert Ndunguru, Sauti ya Gari la Sinema

Baada ya miaka ishirini na saba katika kitengo chetu cha sinema hapa Songea, Mzee Sixbert Ndunguru anastaafu tarehe 30 Juni, 1995. Gari lenyewe linastaafu naye, maana vibanda vya video vimejaa mpaka mtaa wa Lizaboni na wakubwa wanasema halina faida tena. Mimi dereva wake ndiye niliyepewa kazi ya kuandika haya, na ninaandika kwa moyo mzito.

Kazi yake ilikuwa kuendesha projekta na kuwaeleza watu, kwa kipaza sauti, yanayotokea kwenye filamu za kigeni. Lugha za filamu hizo hakuzijua hata moja, lakini hilo halikumsumbua. Kule Mbesa jenereta lilituzimikia katikati ya filamu, akaisimulia sehemu iliyobaki gizani. Hakuna aliyeondoka, na wengine walidai ilikuwa tamu kuliko ile ya kwenye kitambaa.

Iliyopendwa zaidi ilikuwa ya vita, ya askari wapelelezi wanaojipenyeza eneo la adui kutafuta mizinga yake ilikofichwa. Ili watu wasichanganye sura zile za kizungu, aliwapa askari majina ya kwetu. Kamanda alikuwa Romanus, yule mnene Otto. Mdogo wao, anayepigwa risasi akivuka mto na kuzama, mwaka 1987 katika kijiji kimoja karibu na Hanga alimwita Aloyce.

Hakujua kwamba Mama Kunegunda, aliyekaa mbele kabisa, alikuwa na mwanawe Aloyce jeshini, Msumbiji. Sauti ilitoka kwenye gari la serikali, na mama aliipokea kama taarifa. Alipiga yowe, na asubuhi tukakuta msiba umeshajaa watu.

Mzee Sixbert alikwenda kuomba radhi. Mama hakutaka maneno, alitaka filamu irudiwe. Jioni hiyo, askari alipozama, Mzee akatangaza: "Ameteleza tu huyo, atatokea mbele!" Watu wakapiga makofi, msiba ukavunjwa, nasi tukaondoka tukidhani tumetengeneza.

Aloyce hakurudi. Wenzake walirudi mwaka uliofuata, yeye hakuonekana wala habari zake hazikuja. Kila tulipopita, mama aliiomba filamu ile, na kila mara Mzee alimvusha mwanawe mto. Mpaka leo mama hajakubali kuweka matanga. Mzee Sixbert anasema hakuna kinachomuuma zaidi katika utumishi wake, na kwamba kama hili halitaandikwa, basi wasifu wake usisomwe.

Mwezi uliopita, katika safari yetu ya mwisho, aliamua kuacha kumdanganya. Askari alipozama, alizima kipaza sauti akanyamaza. Uwanja mzima ukanyamaza naye. Ndipo Mama Kunegunda, siku hizi wa kushikwa mkono, akasimama na kuwageukia watu.

"Jamani, mbona kimya? Ameteleza tu huyo, atatokea mbele."

Mzee Sixbert anahamia kijiji hicho hicho, alime mahindi yake na ya mama. Asante, baba, kwa jioni zote ulizotuchekesha na kutuliza. Tunakuombea afya na mavuno mema, na siku mama atakapokuuliza Aloyce yuko wapi, Mungu akupe neno la kumjibu.