Nivaldo Amekufa Tena

Kwenye basi la mtaa wa West Side, huku ughaibuni, mama mmoja Mkongomani alikuwa akichungulia simu ya kijana Mkenya aliyeketi kando yake, kiti cha mbele yangu. Kijana akamwambia Nivaldo, yule mzee wa filamu za Kibrazili, amefariki.

"Tena?"

"Mama, zile zingine alikuwa ana-act. Hii ni ukweli."

"Bon, alikufaka akiwa polisi, akakufa padri, akakufa mwizi. Yote nilimulilia. Kwa ule mwizi, kule kanisani chumba ya maombi yote tulifunga kula ili atubu."

Kijana akakuna kichwa. Mimi pia nilikuna changu, na hakuna aliyeniuliza kitu.

"Kwa hivyo leo hutamlilia?"

Basi likasimama. Mama akainuka, bado anaitazama picha ya Nivaldo kwenye simu.

"Nitamulilia. Lakini bibi zake wa filamu ni watatu. Kilio tutaenda kukaa kwa nani?"