Tarumbeta la Kucheka la Crispino Furtado

Baba Paroko, majirani, na ninyi wanamuziki mliokaa nyuma na vyombo vyenu, mimi ni Quiteria, dada wa marehemu, na familia imenituma nisome kwa kuwa, wanasema, mimi silii ovyo.

Marehemu Crispino Furtado alizaliwa tarehe 25 Oktoba 1924 huko Curtorim, Goa, akasoma shule ya parokia, ambako padri alimfundisha noti za muziki kabla ya hesabu, na hesabu, tuseme kweli, haikumwingia mpaka anakufa. Mwaka 1943 alikuja hapa Bombay, akapiga jazi katika bendi ya hoteli, na tarehe 9 Januari 1950 akamwoa Ermelinda, wakajaliwa Zelia na Blasco. Mwaka uleule wa ndoa pombe ilipigwa marufuku, hoteli zikavunja bendi, naye akaingia studio za filamu kama wenzake wote wenye midomo ya kulisha.

Huko ndiko alikonasa. Siku moja mwaka 1953 fundi wa sauti alijikwaa kwenye nyaya, kaka akaziba mdomo wa tarumbeta kwa mpira wa kuzibulia sinki, akalifanya licheke, watu wakavunjika mbavu, na Bwana Harkishan, mkuu wa muziki, akasema, "Hebu rudia hiyo, tuirekodi." Toka hapo kila mlevi aliyeanguka na kila mama mkwe aliyemwagiwa maji kwenye filamu alichekwa na kaka yangu, na kila alipoomba walau kipande kimoja cha huzuni, Harkishan alimjibu, "Crispino, ndugu yangu, kulia watu wanalia bure nyumbani kwao. Kwangu wanalipa wacheke."

Tarehe 3 Agosti 1964 ilifika telegramu kwamba mama amefariki, studio wakamwambia amalize kwanza kicheko cha harusi ya kwenye filamu, akamaliza, na alipofika Curtorim kaburi lilikuwa limeshafukiwa. Wiki ile alimtungia mama wimbo wa polepole, na tangu hapo hakutaka kitu kingine ila watu wausikilize mpaka mwisho.

Machi 1973 televisheni ilimwalika apige wimbo aupendao, nasi tukajazana kwa Bi Olinda wa ghorofa ya pili, mwenye televisheni. Alipiga noti tatu za wimbo wa mama, wageni waliokaa ukumbini kumtazama wakaanza kucheka, wakidhani anawatega. Akanyamaza, akaanza upya, wakazidi. Basi akaokota ule mpira, akawapa walichokijia. Ermelinda alipomuuliza nyumbani, alisema tu, "Si wamefurahi?" Niliumia, na bado naumia.

Mapafu yalianza kumsumbua mwaka 1979, akalazwa, na hata wodini walimwomba, "Anko, tuchekeshe kidogo," naye, pumzi hana, akawachekea kwa mdomo. Alifariki tarehe 11 Februari 1981.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliotuletea chakula, na wanamuziki wenzake, ambao jana kutwa walijifunza wimbo wa mama. Sasa wataupiga wote. Anayeona kicheko kinamjia, mlango ule pale, atoke.

Pumzika, kaka yangu, leo hakuna wa kukuita studio.