Melkiadi Harerimana, Seremala wa Mabenchi ya Kanisa la Muyama

Marehemu Melkiadi Harerimana alizaliwa Muyama, wilaya ya Kasulu, mwaka 1928. Alisoma shule ya misheni hadi darasa la nne, kisha akajifunza useremala kwa bruda mmoja huko Kabanga. Mkono wake ulikuwa mzuri. Hilo hata aliowakosea hawalikatai.

Tarehe 12 Septemba 1953 alifunga ndoa na Epifania, na mtoto wao wa kwanza akawa Tharsisi. Mwaka 1962 alitengeneza mabenchi ishirini na manne ya kanisa hili, kwa mbao za mninga, kila moja na kibao chake cha kupigia magoti. Vipimo alivichukua kwa mkewe, aliyekuwa na mimba ya binti yao Immakulata.

“Piga magoti tena, Mama Tharsisi.”

“Leo nimepiga mara sita, wala sijaungama hata dhambi moja!”

Ndiyo maana nafasi kati ya benchi na benchi ni pana. Wanaume walinung’unika kwamba tumbo la Epifania limekula safu mbili. Wanawake hawakunung’unika.

Mwaka 1970 alihamia Kibondo, akaishi na mwanamke mwingine. Huko alieneza kwamba mkewe ndiye aliyemkimbia, na neno hilo likafika Muyama kabla ya salamu zake. Miaka minane Epifania alisali kwenye mabenchi haya huku wenzake wakimcheka: “Mume kakuachia kibao tu!” Naye akijibu, “Hiki hakitoroki.”

Kibondo nako marehemu alitengeneza mabenchi ya kanisa. Aliyapanga Jumamosi, Jumapili alisimama mlangoni, kwa kuwa alizuiwa sakramenti.

Mwanzoni mwa 1978 aliugua ini. Tarehe 3 Mei alilazwa hospitali ya Kabanga, akaomba padri. Padri alimwambia apatane kwanza na mkewe. Epifania alikwenda pamoja na katekista Pasikali.

“Mama Tharsisi, nisamehe.”

“Nikusamehe nini? Si mimi niliyekimbia?”

“Hukukimbia. Mimi ndiye niliyekuacha.”

“Sema kwa sauti, Baba Tharsisi. Katekista hakusikia.”

Akasema kwa sauti, hata wagonjwa wa vitanda vya jirani wakasikia. Epifania akamsamehe, na padri akampaka mafuta matakatifu. Alifariki tarehe 19 Mei, saa nne asubuhi.

Ndugu zake waliomba maneno hayo yasisomwe leo. Epifania alisema uongo ulisemwa hadharani, basi na ukweli usemwe hadharani.

Marehemu ameacha watoto Tharsisi, Immakulata na Esteri. Na Tunu, aliyezaliwa Kibondo, ambaye ameketi hapa na ndugu zake. Ameacha mjane mmoja, Epifania, ambaye hakumkimbia.

Mungu ampokee, ampumzishe kwa amani.