Mstari Uliokwisha Kujazwa

Ndugu, jamaa, majirani na nyote mliokuwa nasi tangu Jumapili, familia imemtuma mdogo wa mwisho wa marehemu, yule fundi cherehani, awasomee maisha ya dada yake, naye anaomba radhi mapema kwa kuwa hasira zake bado hazijatulia, na marehemu mwenyewe asingependa kusomewa kitu kilichopambwa.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Agosti 1957, mtoto wa kwanza kati ya wanne, baba akiwa mpiga chapa na mama mkunga. Alianza shule ya msingi Januari 1965, na akiwa darasa la nne alikataa alama mia za hesabu kwa sababu mwalimu alipitisha kosa moja bila kuliona, akarudisha daftari lisahihishwe upya, jambo lililomkera mwalimu na kuwakera zaidi wenzake, maana madaftari yao nayo yalipitiwa tena na alama zikashuka. Alisoma sekondari kuanzia 1972 hadi 1975, kisha akajiunga na chuo cha wapiga picha za eksirei, akahitimu Novemba 1979.

Aliajiriwa na hospitali tarehe 2 Januari 1980, na mwaka 1993, baada ya mafunzo ya miezi sita, alihamia chumba cha kupimia moyo kwa altrasaundi, chumba chenye kitanda kimoja, pazia la kijani na feni inayogonga, akakaa humo miaka ishirini na minne. Humo ndimo alimopewa jina la Bi Rudia, kwa kuwa hakuna mwanafunzi aliyetoka bila kuambiwa arudie kipimo. Moyo, kama alivyotuchosha kutueleza kila tukikaa mezani, una pande mbili, wa kushoto unaosukuma damu mwilini, ambao kila mpimaji huukimbilia, na wa kulia unaoipeleka kwenye mapafu, ambao umbo lake ni gumu, hauonekani wote kwa picha moja, na unataka mgonjwa ageuzwe, abane pumzi, na mpimaji awe na subira. Sasa fomu ya hospitali ile ilikuwa na mstari uliokwisha kuchapwa, “Upande wa kulia: kawaida,” eti kuokoa muda, na aliyeona tofauti ndiye aliyetakiwa kuukata kwa kalamu. Marehemu aliandika barua kumi na moja kuanzia 1996 hadi alipostaafu, akiomba neno hilo la mwisho liondolewe, na kila mara alijibiwa kwamba fomu zilizopo stoo ziishe kwanza, zikiisha zinaagizwa zilezile.

Tarehe 17 Desemba 1983 alifunga ndoa na fundi saa, mtu mpole aliyejaliwa uvumilivu, na walibahatika kupata watoto wawili, wa kike mwaka 1985, ambaye sasa ni dereva wa lori, na wa kiume mwaka 1988, ambaye ni mwalimu. Shemeji yetu anaweza kuthibitisha kwamba mkewe alikuwa akimtazama kila mgeni shingoni kabla ya kumsalimu, kwani mshipa wa shingo ukivimba ni dalili kwamba upande wa kulia umeelemewa, na wakwe wengi walidhani wanatafutiwa uchafu.

Alistaafu tarehe 31 Agosti 2017. Katikati ya mwaka 2022 alianza kupumzika mara mbili kabla ya kumaliza ngazi, akasema ni uzee, miguu ikavimba akawa anavaa ndara za mumewe, akasema ni joto, na katika joto hilohilo akaanza kujifunga skafu shingoni asubuhi hadi jioni. Mdogo wake huyu, ambaye kazi yake ni nguo, alimtania kwamba skafu haiendani na gauni, akacheka naye, wala hakujiuliza mtu anayekagua shingo za watu wote anaficha nini kwenye yake. Alipokuja kushtuka na kumkalia kooni aende hospitali, dada alimjibu, “Sitaki kwenda kulazwa kwenye kitanda changu mwenyewe niandikiwe kawaida.” Kwa ukaidi huo mwaka mzima ulipita, na mdogo wake hajui hadi leo amkasirikie nani zaidi, dada au fomu.

Tarehe 6 Februari 2024 tulimpeleka hospitali ileile, karibu tumbebe. Aliyempima ni kijana aliyefundishwa na marehemu mwenyewe, foleni ilikuwa hadi nje, akapima upande wa kushoto kwa dakika tisa, ukawa mzuri, akampa fomu. Marehemu aliisoma, mstari ule haukuguswa. Hakufoka, alisema tu, “Mwanangu, rudia.” Akajigeuza kwa shida, akabana pumzi kadiri alivyoweza, akamwelekeza asogeze kipimio hadi waone ukingo wa valvu ya kulia unavyoshuka kwa kila pigo, mshuko ambao kwa mtu mzima haupaswi kuwa chini ya milimita kumi na saba. Wake ulishuka milimita tisa. Kijana alilia, marehemu akachukua kalamu, akakata lile neno na kuandika tisa kwa mkono wake.

Daktari alitueleza kwamba damu iliyoganda ilikuwa imeziba mishipa ya mapafu kwa muda mrefu, na kwamba angefika mwaka mmoja mapema pengine yangekuwepo ya kufanya. Alifariki Jumapili, tarehe 25 Februari 2024, saa tano asubuhi, mumewe akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi, majirani waliotuachia milango wazi, na wafanyakazi wenzake, pamoja na mkuu wa kitengo kilichokuwa kikizijibu zile barua, aliyeketi mstari wa mbele, ambaye tunamshukuru kwa kufika ingawa kachelewa. Tunamshukuru pia kijana yule, asijilaumu peke yake, tuko wengi.

Juzi Jumanne mdogo wake alikwenda kupimwa moyo, akiona haya, kwa kuwa miaka yote alikuwa akimwahidi dada bila kwenda. Kijana alimgeuza, akamwambia abane pumzi, akarudia mara tatu bila kuambiwa, akampa fomu mpya iliyotoka asubuhi hiyo, upande wa kulia ukiwa umeandikwa kwa wino, milimita ishirini na mbili.

Mstari uko wazi, dada, wanaujaza kwa mkono. Sasa pumzika kwa amani.