Alama Moja ya Fundi Lambert na Rasi ya Boothia

Wasikilizaji wapendwa, Lambert Kalenga hakuwa na cheti cha shule. Hakuwa na koti zito. Hakuwa na jamaa hata mmoja ng'ambo, na theluji hakuwahi kuishika mkononi. Lakini rasi ya Boothia, kule Aktiki, kaskazini mwa Kanada, aliijua kuliko wengi wetu tunavyoujua mtaa wetu huu wa Yeoville.

Fundi Lambert amefariki Agosti hii, 2018, akiwa na miaka sitini na mmoja. Fundi cherehani, mzaliwa wa Kalemie, mkazi wa Yeoville.

Mwaka jana alijiunga na darasa la jioni la watu wazima, mtaa jirani wa Bertrams. Nami nilikuwemo. Mtihani wa jiografia uliuliza: bara la Amerika Kaskazini linaishia wapi upande wa kaskazini? Ramani ya darasa, kuukuu, ilionyesha Boothia imeungana na Somerset, iliyo juu yake. Sote tukajibu Somerset, tukapewa tiki. Lambert peke yake alijibu Boothia. Alipata arobaini na tisa. Cheti kilitaka hamsini. Narudia: alikosa alama moja.

Binti yake, Murielle, alimwambia, "Eish, Papa, ni alama moja tu. Rudia mtihani."

"Suruali ikipungua sentimita moja kiunoni, inafunga?"

Mkewe, Mama Agnès, akadakia: "Muulize ya kwake. Haifungi tangu Krismasi!"

Lambert hakurudia. Alikwenda maktaba na karatasi ya kahawia, ile ambayo mafundi huchorea vipande vya nguo kabla ya kukata kitambaa. Akanakili pwani yote ya Boothia kutoka atlasi mpya. Akasoma na historia yake. Mwaka 1829 mabaharia Waingereza walipita mbele ya mkono mwembamba wa bahari, wakadhani ni ghuba. Mwaka 1852 wasafiri wengine, kwa sleji za kuburuzwa juu ya barafu, waligundua kwamba mkono ule unapenya hadi upande wa pili. Kwa hiyo Somerset ni kisiwa. Bara linaishia Boothia.

Mwalimu wetu Gaudensi, Mtanzania, alipoelezwa hayo alimjibu, "Mzee Lambert, nasahihisha kwa ramani niliyopewa."

"Basi tupime tena, Mwalimu."

Aliiandikia kamati ya mitihani barua, akaambatisha ile karatasi. Hakuifunga bahasha. Alitaka Mwalimu aisome kwanza, kama mteja anavyojaribu koti kabla ya mshono wa mwisho. Moyo wake ukasimama kabla Mwalimu hajafika.

Tunawapa pole Mama Agnès, Murielle na mafundi wote wa Yeoville. Nasi tuliopewa tiki, mimi nikiwa mmoja wao na cheti changu ukutani, tujiulize: tulijua, au tulifuata tu karatasi iliyobandikwa mbele yetu?

Jumamosi, matangani, Mwalimu Gaudensi alivaa miwani, akatandaza karatasi ya kahawia mezani. Akafuata pwani kwa kidole, polepole, hadi kwenye ule mkono wa bahari.

"Nilimkosesha alama yake," alisema.

"Basi andika, Mwalimu," Mama Agnès akamwambia. "Kusema hapa ndani haitoshi. Wale wa kamati hawakuja kwa matanga."

Mwalimu akaandika kosa lake kwa mistari minne kwenye barua, chini ya jina la Lambert, akatia sahihi. Murielle akairudisha barua na karatasi yake ndani ya bahasha, akaramba gundi, akaibana kwa kiganja. Jumatatu asubuhi akaipeleka posta, ikaenda.