Nilipoyameza Maji ya Upatanisho

Nikimsamehe Karisa, nitakuwa nimesamehe kweli, au nimechoka tu kuwa peke yangu? Ndugu zangu, Yesu asifiwe sana! Swali hilo lilininyima usingizi. Nina shahada, lakini hili nililigeuza na kuligeuza nisipate jibu.

Karisa ni mume wangu, afanya kazi kwenye yadi ya makontena Changamwe. Tuligombana, akanisukuma, nikaangukia meza, nikapasuka juu ya jicho. Kaka yangu akanipeleka polisi na Karisa akashtakiwa. Aliachiliwa kwa dhamana, kwa sharti kwamba asinikaribie hadi kesi iishe. Nikarudi kwa mama, Utange.

Sharti lile, jamani! Kanisani alikaa benchi la mwisho, akitoka kabla watu hawajapeana mikono. Nilimsikia akiimba kwa besi yake isiyofuata wenzake, na shingo ikaniuma kwa kujizuia nisigeuke. Nilimtamani. Nilimwogopa pia.

Jamaa zake wakaomba tuyamalize. Mwendesha mashtaka aliporidhia, tukakutana kwa mama, pamoja na mchungaji. Kwetu Wagiriama, aliyekosewa hujaza maji kinywani akayatema chini, kuonyesha kinyongo kimetoka. Mchungaji akaomba, nikapewa kikombe. Nikajaza kinywa, kisha nikaanza kufikiri! Na akirudia? Mashavu yamevimba, watu wote macho kwangu.

"Tema, mwana wewe! Huo si mtihani wa chuo," akasema Hawe, nyanya yangu.

Wakacheka. Mimi nikayameza.

"Wee! Kameza kinyongo!" Shangazi yake Karisa akashika kichwa.

Nikasema moyoni, Bwana nisaidie. Na ndugu zangu, alinifungua kinywa!

"Tangu mje mnasema 'yale yaliyotokea'. Nataka Karisa aseme mwenyewe alinifanya nini."

Karisa akasimama. Alikuwa amewaambia kwao kwamba nilijikwaa. "Hakujikwaa," akasema. "Nilimsukuma. Akatoka damu, nami nikatoka nje nikamwacha."

"Ukirudia, nitakwenda polisi mwenyewe," nikamwambia. "Na siku hiyo hakuna kikombe."

"Umesikia, baba?" Hawe akamuuliza.

"Nimesikia, Hawe."

Nikajaza kinywa tena. Nikatema. Haleluya!

Mahakamani hakimu aliniuliza kama kuna aliyenilazimisha. Nikajichunguza, kama kawaida yangu, mpaka karani akakohoa. Hofu niliyokuwa nikiitafuta sikuiona. "Hakuna, mheshimiwa. Naondoa malalamiko yangu kwa hiari." Hakimu akakubali, kesi ikafungwa.

Ndugu yangu, wewe ambaye maji bado yako kinywani, usiyateme kwa sababu watu wanangoja. Mwambie Mungu ukweli wako wote. Yeye hachoki kungoja. Mtumaini! Mimi namshukuru, maana nje ya mahakama Karisa alisimama mbali nami, kwa mazoea ya lile sharti, kofia mkononi, hathubutu kusogea.

Nikamwendea mimi.