Kosa Si la Dereva

Saa nne asubuhi benchi la kijiweni lilikuwa limejaa: Kamusi, mwalimu mstaafu asiyekubali kushindwa neno, Breki, fundi baiskeli, na Bi Waya, fundi wa mitambo kwenye karakana ya jeshi. Saa hizo Bi Waya alipaswa kuwa kazini. Alikuwa na kikombe cha kahawa mkononi na hasira usoni. Wakubwa walimpa karatasi aweke sahihi kwamba gari la jeshi lilitumbukia bwawani, kwenye ukungu, kwa uzembe wa dereva, ilhali dereva alifuata njia aliyoonyeshwa na setilaiti. Aliwarudishia bila sahihi. Wakamwambia aende nyumbani akafikirie.

— Setilaiti ilisinzia, — Breki alisema. — Kule juu peke yako, nani hasinzii?

— Isinzie wapi! — Kamusi akadakia. — Maadui waliisukuma. Ukiisukuma futi moja tu, huku chini barabara inahama!

— Basi labda bwawa ndilo lililohama.

— Acheni porojo! — Bi Waya aliweka kikombe chini kwa kishindo. — Setilaiti haina kosa. Kipokezi, kile chombo garini kinachonasa mawimbi yake, kinajua gari liko wapi. Kinakiambia kioo cha ramani kilicho mbele ya dereva kwa waya, herufi moja nyuma ya nyingine, kama watu wanaopita mlango mwembamba. Mwisho wa ujumbe kuna namba ya kuhakiki kwamba hakuna herufi iliyoharibika. Isipolingana, kioo kinatakiwa kiutupe huo ujumbe.

— Kikiutupa, dereva ataona nini? — Kamusi aliuliza.

— Alama ya hitilafu. Atasimama. Lakini hivi vioo vipya havihakiki kitu! Tarakimu ikiharibika njiani, vinaionyesha hivyo hivyo. Nimevipima mara tisa, na majibu nimeyaandika.

Breki alishusha sauti.

— Si usaini tu, dada yangu? Jeshi ni lao.

— Mkono ni wangu.

Mzee mmoja, kofia mkononi, alikuwa amesimama nyuma yao akisikiliza. Hakuna aliyemfahamu.

— Samahani, wanangu. Mimi ndiye baba wa huyo dereva. Wamemfungia. Atatoka lini?

Bi Waya akainuka, akajifunga mtandio vizuri.

— Sijui, baba. Twende kwenye lango la jeshi tukawaulize. Na leo hawanirudishi nyumbani.